Huyu Lázaro Ramos wa Brazil alianzia wapi hasa? Wanaojua maigizo ya kule naombeni mnielekeze

Kijana wa Sahare

Wakuu habari za jioni, poleni na majukumu.

Niende moja kwa moja. Wengi wetu tulimjua Wagner Moura kupitia Narcos, yule aliyecheza Pablo Escobar. Mimi baada ya kuimaliza nikaanza kumfatilia kurudi nyuma, kila muvi yake ya kwao niliyoipata naiangalia hata kama haina tafsiri. Ndo nikafika kwenye Carandiru ya 2003, ile ya gereza la São Paulo ambako mwaka 1992 polisi waliingia wakaua wafungwa 111. Wagner yumo mle anacheza Zico, lakini aliyenishika ni jamaa mwingine mweusi anayeitwa Ezequiel, sehemu yake si kubwa ila akitokea unasahau nani mwingine yupo pale. Nikatafuta jina, Lázaro Ramos. Kutoka hapo nikaipata Madame Satã ya 2002 ambayo yeye ndo steringi, nikaiangalia mara mbili usiku huohuo, asubuhi nimeingia kazini macho mekundu.

Sasa wakuu ile muvi inaanza na uso wake tu. Amepigwa, amevimba, anaitazama kamera, sauti ya mtu wa serikali inasoma mashitaka yake na yeye hasemi neno, na wewe unayeangalia unashindwa kutoa macho. Mtu hafiki pale kwa bahati, lazima kuna sehemu alipikwa. Ndo nataka kuijua hiyo sehemu.

Nieleze na sababu ili msinione nauliza mambo ya mastaa bure. Tuna kikundi chetu cha maigizo hapa Tanga, tulikuwa kumi na moja, tunafanya mazoezi kwenye ukumbi wa shule jioni wanafunzi wakishatoka. Mwezi juzi alikuja mtayarishaji mmoja akatuangalia, akatuambia mna vipaji ila jukwaa limekufa, mnapoteza umri hapa, njooni Dar mkae karibu na kamera. Wenzetu wawili wakaondoka wiki ileile. Waliobaki kila mazoezi wanaangalia saa. Mimi sina cha kuwajibu kwa sababu na mimi sijui.

Kwa hiyo nauliza: huyu Lázaro alianza jukwaani au kwenye TV? Akiwa na miaka mingapi? Alikuwa anakula nini wakati hajajulikana? Na alitokaje huko hadi kwenye muvi? Naombeni hatua kwa hatua, ile ya "alijituma akafanikiwa" nimeshaisoma sana na hainisaidii.

Msafiri wa Cabo Delgado

Kijana wa Sahare salamu. Mimi ni Mtanzania nipo Pemba, hii ya Msumbiji, mwaka wa tisa sasa, na Kireno nimekijulia hukuhuku. Tamthilia za Brazil huku ni kama ugali, watoto wanaongea Kibrazili kabla ya Kireno cha shule. Huyu mtu nimemfatilia sana kwa hiyo wacha niandike kwa kirefu kidogo.

Amezaliwa Salvador, mji mkuu wa jimbo la Bahia, tarehe 1 Novemba 1978. Kwao hasa ni kisiwa kinaitwa Ilha do Paty, kiko ndani ya ile ghuba kubwa wanayoiita Baía de Todos os Santos, kisiwa kidogo cha wavuvi. Mama yake alikuwa mfanyakazi wa ndani. Salvador ujue ni mmoja wa miji yenye weusi wengi zaidi Brazil, ulikuwa mji mkuu wa koloni hadi 1763 na meli za watumwa zilishusha watu pale kwa karne tatu. Hilo lishike kwa sababu bila hilo huwezi kuelewa kikundi alichoingia.

Jibu la swali lako la kwanza: jukwaani. Akiwa na miaka 15 hivi aliingia Bando de Teatro Olodum. Hiki kikundi kilianza 1990, waanzilishi ni Márcio Meirelles na Chica Carelli, wakishirikiana na Olodum, wale wapiga ngoma wa Pelourinho unaowasikia kila karnivali. Waigizaji wote weusi. Mwaka 1990 Brazil hiyo kitu ilikuwa adimu sana, mweusi kwenye tamthilia mara nyingi ni mpishi, dereva au mwizi, basi.

Namna walivyofanya kazi ndo ningependa uwasomee wenzako. Hawakuanza na skripti. Walikuwa wanaingia mtaani Pelourinho wanakaa na watu, muuza kachori zao za kunde wanaziita acarajé, mama mwenye nyumba ya kupangisha, mlevi, binti anayejiuza, mchungaji wa kilokole, halafu wanarudi ukumbini kila mtu anamleta aliyemuona, anatembea kama yeye, anagombana kama yeye, wenzake wanamjibu, na dairekta anachukua kinachozaliwa pale anakiandika. Ndo ikatoka Essa É Nossa Praia mwaka 1991, Ó Paí, Ó mwaka 1992 na Bai Bai Pelô mwaka 1994. Zote tatu zinahusu mtaa huohuo mmoja.

Na Pelourinho si mtaa wa hivihivi. Jina lenyewe ni ule mti au nguzo ya kufungia mtumwa anapochapwa viboko hadharani. Baadaye matajiri wakahama, majumba yakachakaa, masikini wakaingia, UNESCO wakaja wakautangaza urithi wa dunia 1985, na mwanzoni mwa miaka ya tisini serikali ya jimbo ikaanza kuukarabati kwa ajili ya watalii. Majumba yakapakwa rangi nzuri, wakazi wakapewa vipesa wakaambiwa wahame. Bando walikuwa wanaigiza habari za watu wanaohamishwa wakati wanahamishwa, na baadhi ya watazamaji ni walewale. Umeona mtoto wa miaka 15 anaingia shule ya namna gani hapo?

Swali la alikula nini: alisomea ufundi wa maabara, patholojia, akafanya kazi hospitali. Damu za watu mchana, mazoezi usiku. Ndo maana mimi huwa nasema jamaa hakukaa akisubiri sanaa imlishe.

Kamaa wa Eastlando

Niaje wasee. Si hao ndo wale walitolewa mitaani wakapewa kamera? Mi najua ile City of God wote walikuwa vijana wa ghetto, hakuna aliyekuwa ameact, dairekta aliwachukua tu vile walivyo na muvi ikashika dunia nzima. So mi naona hiyo ya jukwaa sio lazima, kijana akiwa na ukweli ndani kamera itamwona.

Zuhura wa Kibokoni

Kamaa ndugu yangu, hapo umechanganya miji miwili, na hata hao wa City of God hawakuokotwa.

City of God ni Rio, muvi ya 2002. Ni kweli wengi walikuwa vijana wa favela, mitaa ya masikini ya kule, na wengine kama Leandro Firmino aliyecheza Zé Pequeno hakuwa amewahi kuigiza. Lakini kabla ya kamera kuwashwa waliwekwa kwenye mafunzo ya miezi, kila siku wanajaribu, wanaboronga, wanajaribu tena. Na baadhi yao walitoka Nós do Morro, ambacho ni kikundi cha jukwaa kilichoanzishwa na Guti Fraga juu ya mlima wa Vidigal mwaka 1986. Miaka kumi na sita kabla ya muvi, ati! Sisi tunaona uso mpya tunadhani na kazi ni mpya. Mimi nafundisha watoto maigizo Mombasa, na hii dhana ya kwamba mtu "anaonekana tu" imenipotezea wanafunzi wazuri mno, kwa hiyo nikiikuta lazima nijibu, usinichukulie vibaya.

Lázaro na Wagner ni watu wa Bahia, kaskazini mashariki. Ni mbali na Rio, na wakati ule tamthilia na muvi nyingi zinatengenezwa Rio na São Paulo. Kama vile msanii awe Lamu na kila kitu kiko Nairobi. Halafu hilo jina la kisiwa, Paty, lilinishtua nilipolisikia mara ya kwanza, nikamfikiria bibi yangu wa Pate.

Msafiri ameeleza vizuri Bando, ngoja mimi nieleze daraja lenyewe, maana ndugu yetu wa Tanga ameuliza alitokaje pale hadi kwenye muvi. Daraja ni mchezo wa jukwaani tena. Unaitwa A Máquina, mwaka 2000. Dairekta João Falcão alikuwa Recife, jimbo la Pernambuco, akauandaa kutoka kitabu cha Adriana Falcão. Hadithi ni kijana Antônio wa kijiji ambacho kila mtu anakihama, binti anayempenda, Karina, naye anataka kuondoka akauone ulimwengu, na yeye anaapa atamletea ulimwengu pale kijijini ili asiende. Sasa João Falcão akafanya jambo la ajabu, huyo Antônio mmoja akampa waigizaji wanne kwa pamoja. Wanne hao ni Lázaro Ramos, Wagner Moura, Vladimir Brichta na Gustavo Falcão. Watatu wa kwanza walitoka jukwaa la Salvador, wanafahamiana.

Fikirieni ugumu wake. Wanne mnacheza mtu mmoja, maana yake huwezi kung'ara peke yako, pumzi yako lazima ifuate ya mwenzako, ukichelewa nusu sekunde mchezo umevunjika. Mchezo ukatoka Recife ukaenda Rio na São Paulo, na huko ndiko watu wa muvi na TV walipowaona. Wote wanne! Ukiangalia walikofika baadaye unashangaa kwamba waliwahi kusimama jukwaa moja wakigawana jina moja.

Kwa hivyo Kijana wa Sahare, ni kweli walikwenda mji mkubwa. Sitakudanganya kwamba walibaki kwao na kamera ikawafuata. Lakini walikwenda na mchezo ulioiva, si na begi tupu.

Kamaa wa Eastlando

Zuhura asante sana dada, nimesoma mara mbili. Hiyo ya Nós do Morro sikuwa najua kabisa, nakubali nilikosea.

Basi na mimi niongeze ile najua, maana Wagner ndo mimi nimesoma story yake. Yeye amezaliwa Salvador 1976 lakini alikulia Rodelas, mji mdogo kabisa huko ndani kwenye ukame, kando ya mto São Francisco. Huo mji wa zamani haupo tena, mwaka 1988 walijenga bwawa la umeme la Itaparica maji yakaufunika, watu wakahamishiwa Rodelas mpya. Baadaye Salvador, akasoma uandishi wa habari pale chuo kikuu cha Bahia huku anafanya maigizo. So huyu naye alikuwa na kazi nyingine mkononi, sawa na mwenzake wa maabara.

Alafu sehemu zake za kwanza kwenye muvi zilikuwa vitu vidogo sana. Kuna Woman on Top ya 2000, ile ya Penélope Cruz, yeye na Lázaro wote wawili wamo, ukipepesa macho umewakosa. Alafu Abril Despedaçado ya Walter Salles, 2001, tena kidogo. Ni 2003 ndo akaanza kubeba muvi, Deus é Brasileiro na ile ya familia inayosafiri kwa baiskeli kutoka Paraíba hadi Rio kilomita zaidi ya elfu tatu.

Na Tropa de Elite ya 2007 wasee wengi hawajui hii: skripti ya mwanzo haikuwa inasimuliwa na Kapteni Nascimento, yule anayechezwa na Wagner. Walikuwa wamemjengea yule polisi mdogo, Matias. Walipofika kwenye kuhariri wakaona Wagner amemeza kila kitu, wakaandika upya simulizi yote kwa sauti yake. Muvi ikaibiwa kabla haijatoka, DVD za kuchoma zikauzwa kila kona ya Brazil, mamilioni wakaiona kwa njia hiyo, na bado mwaka uliofuata ikachukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kubwa ya tamasha la filamu la Berlin. Hapo alikuwa na miaka 31. Na 2025 tamasha la filamu la Cannes wakampa zawadi ya mwigizaji bora wa kiume, kupitia muvi ya Kleber Mendonça Filho, na yeye pia ni mtu wa Recife.

Kijana wa Sahare

Aisee sikutegemea majibu ya hivi, Mungu awabariki. Nimeprinti ya Msafiri na ya Dada Zuhura nitaenda nazo kesho.

Dada Zuhura hilo neno lako la mchezo ulioiva nimelisoma nikalirudia. Ila naomba kuuliza kitu kinachonisumbua. Wagner na Lázaro walitoka mji mmoja, wakapanda jukwaa moja, mwaka mmoja. Wagner dunia nzima inamjua. Lázaro mpaka nimemchimba mwenyewe. Na kwa macho yangu, naomba Wagner anisamehe, Lázaro si mdogo kwake hata kidogo. Ni rangi?

Msafiri wa Cabo Delgado

Umegusa penyewe. Jibu ni ndiyo kwa sehemu kubwa, lakini usifikiri Lázaro hakufika. Brazil nzima inamjua, mtoto na bibi. Tofauti ni milango.

Angalia hivi. Kule anayeamua nani ni staa ni telenovela ya saa mbili usiku au saa tatu, na telenovela za Globo, kituo chao kikubwa cha TV, zilikaa miongo na miongo bila mweusi kuwa steringi. Taís Araújo ndo alicheza Xica da Silva mwaka 1996 akiwa binti wa miaka 17, na hiyo ilikuwa Manchete, kituo kingine. Globo wenyewe wakampa uhusika mkuu 2004, Da Cor do Pecado, na magazeti yakaandika kama habari ya ajabu kwamba mwanamke mweusi anaongoza telenovela yao. Mwaka 2004 wakuu, kwenye nchi ambayo nusu ya watu wake wanajihesabu weusi au machotara! Nikisimulia hili huku Pemba watu wanafikiri nimekosea mwaka.

Kwa hiyo kwa Lázaro muvi ndo zilimfungulia kwanza. Madame Satã, dairekta Karim Aïnouz, mtu wa Fortaleza. Ni habari ya João Francisco dos Santos, mtu aliyekuwepo kweli, mtoto wa waliokuwa watumwa, alikaa mtaa wa Lapa Rio, mpiganaji wa capoeira na pia anapanda jukwaani kavaa mavazi ya kike, alikaa jela miaka mingi mno. Uhusika mgumu kuliko huo sijui. Ukali, majivuno, aibu, mapenzi, vyote kwenye mwili mmoja. Ikaonyeshwa Cannes 2002, Lázaro ana miaka 23. Hesabu mwenyewe: miaka 15 kuingia Bando, 23 Cannes. Miaka minane ya jukwaa katikati, na humo ndani kuna maabara.

Mwaka uliofuata O Homem que Copiava ya Jorge Furtado, huko kusini Porto Alegre. Hii naipenda kuliko zote. Anacheza kijana anayetoa fotokopi dukani, hana hela, anampenda binti wa jirani, siku moja anaanza kutoa fotokopi za noti. Kilichonigusa ni kwamba ule uhusika hauna habari ya weusi hata kidogo, ni kijana tu, mpole, mwenye ndoto za ajabuajabu. Alipewa kwa sababu anaweza. Mwaka huohuo akaonekana TV kwenye Sexo Frágil ya Globo, vichekesho, wanaume wanne ndo wanacheza hata uhusika wa wanawake wa hadithi hiyo, yeye na Wagner wamo, na nyuma yake yupo João Falcão yuleyule wa A Máquina. Umeona? Watu wa jukwaa wanavutana.

Halafu 2005 Cidade Baixa, yeye na Wagner marafiki wawili wana boti, wanampenda msichana mmoja, ambaye ni Alice Braga. Imepigwa Salvador kwao. Cannes ikapata tuzo ya vijana. Ukitaka kuona maana ya watu waliopumua pamoja miaka, angalia hiyo, kuna sehemu wanapigana na unaogopa kweli.

Telenovela ndo ikafuata 2006, Cobras & Lagartos, akacheza Foguinho, masikini anayetembea mtaani kavaa bango la tangazo, akaja kuangukiwa na urithi usio wake. Kwenye hadithi ni tapeli, lakini Brazil ikampenda, na 2007 akateuliwa kuwania tuzo ya Emmy ya kimataifa. Taís Araújo naye yumo humo, na ni mke wake.

Mzee Kombo

Vijana wangu, nimesoma mazungumzo haya tangu jana. Niliwahi kufundisha fasihi sekondari kwa miaka mingi, sasa nimestaafu. Waigizaji wa Brazil siwajui sana, lakini Msafiri ametaja Ó Paí, Ó na mimi niliiona hiyo filamu kwa mjukuu wangu, ile ya 2007. Kuna kipande kimoja nataka kuulizia. Huyo Lázaro anaitwa Roque, anagombana na kijana mweupe, yule anamtukana kwa sababu ya rangi yake, na Roque anamjibu kwa maneno mengi mfululizo, kwamba mweusi hana macho, hana mikono? Tukichomwa hatutoki damu? Mjukuu ananitafsiria, mimi nikasimama. Nikamwambia haya maneno nimeyafundisha darasani. Haya ni ya Shylock, yule mkopeshaji Myahudi kwenye Mabepari wa Venisi ya Shakespeare, aliyotutafsiria Mwalimu Nyerere mwaka 1969. Je, nimesikia sawa au uzee?

Msafiri wa Cabo Delgado

Shikamoo mzee wangu. Umesikia sawasawa kabisa. Ni maneno ya Shakespeare yamegeuzwa, penye Myahudi wakaweka mweusi. Na yule kijana mweupe anayemtukana, anaitwa Boca, ndo Wagner Moura mwenyewe. Rafiki yake. Mwaka huohuo 2007 Wagner yuko kwenye Tropa de Elite na yuko kwenye telenovela kubwa ya Globo, Paraíso Tropical, nchi nzima inamtazama, na bado mwaka huohuo anaonekana kwenye hii muvi ya Pelourinho akicheza mtu mbaya mwenye sehemu ndogo ili Lázaro amsimamie mbele yake aseme yale maneno. Na wengi waliowazunguka kwenye ile muvi ni Bando, walewale ambao Lázaro alianza nao, dairekta tu ndo mwingine, Monique Gardenberg.

Hiki kipande Wabrazili weusi wengi wanakijua. Huku Pemba nimewaona vijana wanakighani kwa moyo.

Mzee Kombo

Marahaba mwanangu. Basi moyo wangu umetulia. Mwalimu alitafsiri Juliasi Kaizari kwanza, 1963, halafu akatafsiri hiki, na tulikuwa tunawaambia wanafunzi waseme kwa sauti, wasimame, wasisome wamekaa. Wengi walikuwa hawaelewi kwa nini Shylock alalamike hivyo, walimwona ni mkopeshaji mbaya tu. Laiti ningekuwa na filamu hii wakati ule.

Zuhura wa Kibokoni

Mzee Kombo shikamoo, umenitoa machozi.

Kijana wa Sahare, hebu sikiza. Wewe umesema mmebaki tisa. Chukueni hicho kipande. Mnayo lugha yake tayari, imo kwenye kitabu cha Mwalimu. Lakini msianze na maneno, anzeni kama Bando: tokeni nje wiki moja, kila mmoja alete mtu aliyemuona akidharauliwa hapo Tanga, sokoni, stendi, bandarini, dirishani kwenye ofisi. Alete mwendo wake na alivyojibu au alivyonyamaza. Mkishawajua hao watu ndipo mfungue kitabu mwone nani kati yao anastahili yale maneno. Mimi nilifanya hivi na watoto wangu mwaka juzi kwa mchezo mwingine, na wa kwanza kung'ara alikuwa msichana ambaye muhula mzima hakuwahi kupaza sauti.

Kuhusu wale wawili waliokwenda Dar, usiwanunie. Mpigie simu mmojawapo mara kwa mara. João Falcão alipofanya Sexo Frágil, Lázaro na Wagner wa A Máquina walikuwemo; mkiachana vizuri mnaweza kukutana tena.

Kijana wa Sahare

Nimerudi wakuu, jana tulikuwa na mazoezi.

Niliwasomea. Sehemu ya maabara ndo ilizua mjadala mrefu kuliko zote, maana mmoja wetu ni fundi pikipiki na alikuwa anaona aibu kuja na nguo za gereji, siku zote anachelewa kwa sababu anapita nyumbani kwanza kuoga. Akauliza mara mbili, "yaani alikuwa anatoa watu damu kweli?" Leo amekuja na ovaroli yake ya mafuta, kawahi kuliko wote.

Tumekubaliana Jumamosi hii kila mtu analeta mtu wake. Mimi namleta mzee mmoja anayesukuma mkokoteni pale Ngamiani, nimeanza kumuangalia tangu asubuhi, anavyopumzika anaweka mkono mmoja kiunoni halafu anaangalia juu, sijui anaangalia nini. Mabepari wa Venisi tumeipata nakala moja, imechanika jalada ila kurasa zipo zote. Mzee Kombo nikikuomba namba faraghani utanikubalia? Tunataka utusomee kile kipande kwa simu, tuusikie mdundo wake unavyotakiwa.

Msafiri swali la mwisho kaka. Hilo jina lenyewe, Ó Paí, Ó, maana yake nini? Kamusi haina.

Msafiri wa Cabo Delgado

Haiwezi kuwepo, ni ya mtaani Bahia. Kirefu chake ni "olhe para aí, olhe", tazama hapo, tazama. Wao wameikata hadi imebaki hivyo. Anaisema mtu akiona jambo la kushangaza au la kuudhi, jirani kafanya kituko, basi imepita bila kusimama, mtu kapendeza. Yote inategemea sauti.

Zuhura wa Kibokoni

Huku tungesema "hebu ona, ona!"

Mzee Kombo

Au "tazama we!" Namba nimekutumia, mwanangu. Nipigie baada ya isha, nitakuwa nimekaa na kitabu.